Je, Wajua? Redio Zisizopiga Muziki

Ukitaja redio mjini Kisii, wengi watafikiria Egesa FM, taarifa ya habari na matangazo ya vifo. Lakini vilima vya Kisii na Nyamira vimejaa redio nyingine ambazo hazina spika, hazina kitufe cha sauti na hazijawahi kupiga wimbo hata mmoja. Zimo ndani ya sanduku la sola ukutani, chini ya dashibodi ya Probox, pengine ndani ya mizani. Mafundi huziita moduli: kibao kidogo, mara nyingi cha ukubwa wa stempu, chenye chipu na antena, kinachokipa kifaa bubu ulimi wa kusema na dunia. Yafuatayo ni baadhi ya maajabu yake.

Kelele ikiizidi sauti mara 100, bado inasikia

Moduli za aina ya LoRa huweza kuelewa ujumbe ambao nguvu yake ni sehemu moja tu ya mia ya kelele zilizouzunguka. Hebu jaribu kumsikia mtu anayenong'ona katikati ya soko la Daraja Mbili siku ya soko, ndipo utakapoelewa ukubwa wa jambo hili.

Siri yake ni mlio. Badala ya kutuma wimbi la masafa mamoja yasiyobadilika, LoRa hupandisha masafa kutoka chini hadi juu kwa mpangilio unaojulikana, mbinu ambayo popo wamekuwa wakiitumia gizani tangu zamani. Mpokeaji anayeujua mpangilio huo huuokota ujumbe hata ukiwa umezikwa ndani ya kelele. Waliobuni teknolojia hii walikuwa kampuni ndogo ya Cycleo kutoka Grenoble, Ufaransa, iliyoanzishwa mwaka 2009 na kununuliwa na Semtech ya Marekani mwaka 2012.

Mwezi Agosti 2017 moduli kama hiyo ilifungwa kwenye puto lililopaa kilomita 38 juu ya Ulaya. Ujumbe wake ulinaswa kilomita 702 kutoka hapo. Kutoka Kisii hadi Mombasa, ukikata moja kwa moja kama ndege, ni karibu kilomita 660. Na nguvu iliyotumika? Miliwati 25. Balbu ya wati 5 iliyoko jikoni kwako inatumia mara 200 ya hiyo.

Bei ya umbali huo ni uchache wa maneno. Katika hali yake ya polepole kabisa, mtandao wa LoRaWAN huruhusu baiti 51 tu kwa ujumbe mmoja, yaani herufi 51, na kuzituma huchukua zaidi ya sekunde 2. Kwa umbea hazitoshi. Kwa joto la hewa, unyevu wa udongo na kina cha maji, zinabaki.

Kilima ni mlingoti ambao hukuulipia

Mji wa Kisii uko karibu mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, na Ziwa Viktoria liko mita 1,134. Kwa hesabu ya kawaida ya wataalamu wa redio, antena iliyo juu ya ziwa kwa tofauti hiyo ingeweza "kuona" karibu kilomita 98, mradi kusiwe na kilima kingine kati. Kisumu, kwa mstari ulionyooka, ni kilomita 65 hivi. Wenyeji wa Manga hujivunia kwamba ukisimama kwenye ukingo wa jabali lao siku isiyo na ukungu unaliona ziwa; jicho na redio, katika hili, vinafuata kanuni moja.

Upande wa pili ni mabonde. Kijiji kilichojificha nyuma ya mwinuko kinaweza kukosa mawimbi ya mnara ulio kilomita 2 tu kutoka hapo. Kaunti ya Kisii ina kilomita za mraba 1,318. Kituo cha LoRa kinachofika kilomita 10 kila upande hufunika kilomita za mraba 314, kwa hiyo kwenye karatasi vituo vitano vingetosha kaunti nzima. Huku kwetu karatasi imelala na ardhi imesimama, basi ongeza vingine.

Nyeri, nako hakuna uhaba wa vilima, tayari wamejaribu. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Teknolojia cha Dedan Kimathi, akiwemo Ciira Maina, wametumia vihisi vya LoRa kupima kina cha maji ya mito: kifaa kinatundikwa juu ya maji, kinapiga mlio usiosikika na sikio la mtu, na kupima muda wa mwangwi kurudi. Nikiulizwa kwangu kingefaa wapi, ningesema Ogembo, kando ya mto Gucha. Mto huohuo ukiteremka unaitwa Kuja, nao ndio huwafurikia watu wa Nyatike huko Migori. Mvua inayowatesa wa bondeni huanza kuhesabika huku juu.

Migomba hula Wi-Fi

Jani bichi ni maji, na maji ni adui wa mawimbi mafupi. Wi-Fi na Bluetooth hutumia masafa ya gigahezi 2.4, jirani kabisa na yale ya oveni ya maikrowevu, na shamba la migomba lililolowa mvua linaweza kuyanyonya hadi yaishe kabla ya kufika zizini.

Ndiyo sababu vihisi vya shambani hupendelea masafa ya chini, kama megahezi 868 au 433, ambayo hupenya majani kwa urahisi zaidi. Kaunti zinazopata zaidi ya milimita 1,500 za mvua kwa mwaka zina kila sababu ya kulikumbuka hilo kabla ya kununua moduli kwa kuvutiwa na picha ya kwenye boksi.

Sentimita 8.6 za waya

Antena nzuri ya moduli ya megahezi 868 inaweza kuwa kipande cha waya wa shaba chenye urefu wa sentimita 8.6, basi. Wimbi lenyewe lina urefu wa sentimita 34.5, na robo yake inatosha. Onyo moja: usiiwashe moduli itume bila antena, kwa kuwa nguvu isiyo na pa kwenda hurudi nyuma na inaweza kuiunguza chipu.

Mnara wa Kisii haufiki Homa Bay, na si kwa sababu ya nguvu

Mnara wa kawaida wa simu za 2G, au "busta" kama wengi tunavyouita, una ukomo wa kilomita 35 hivi hata ukiupa umeme wa nchi nzima. Kinachouzuia ni saa. Kila simu hupewa kipande chake kidogo cha muda cha kusema, na aliye mbali huagizwa aanze mapema kidogo ili sauti yake isifike imechelewa. Maagizo hayo yana ngazi 63, kila ngazi ni karibu mita 550. Zidisha mwenyewe.

Kisii hadi Nyamira ni kilomita 22 kwa mstari ulionyooka: ndani ya mpaka. Kisii hadi Homa Bay ni karibu 40: nje. Jambo hili lina uzito kwa vifaa kuliko hata kwa watu, maana moduli nyingi za bei nafuu bado zinaitegemea 2G hiyohiyo ambayo wenye simu janja wameisahau.

Sanduku la sola lenye laini yake ya simu

Sola za M-KOPA, zilizoanza kuuzwa rasmi nchini Kenya mwaka 2012, zilikuja na kadi ya simu ndani ya sanduku la kudhibiti umeme. Mteja alilipa malipo ya kwanza, kisha shilingi 40 kwa siku kupitia M-PESA kwa mwaka mmoja. Pesa ikiingia, ujumbe huruka hewani na sanduku huendelea kutoa mwanga; isipoingia, huzimwa kutoka mbali bila mtu kubisha hodi. Mwenye duka na daftari lake la mkopo hajawahi kuwa na uwezo kama huo.

Mmoja wa waanzilishi wa kampuni hiyo ni Nick Hughes, ambaye akiwa Vodafone alishiriki kuiasisi M-PESA yenyewe, iliyozinduliwa mwaka 2007. Bila pesa ya simu, moduli ile ingekuwa pambo tu: mtu asingeweza kulipa shilingi 40 kila siku kwa kupanda matatu ya shilingi 100 kwenda benki.

Radi ilitangaza kabla ya mwanadamu

Kila umeme wa radi unaopiga ni kituo cha redio. Hutoa mlipuko wa mawimbi unaosafiri mbali, ndiyo ile "khraa" unayoisikia kwenye redio ya zamani mvua ikikaribia. Kimojawapo cha vipokeaji redio vya mwanzo kabisa duniani, kile alichokionyesha Mrusi Alexander Popov mjini Saint Petersburg mwezi Mei 1895, kilitumika kunasa radi, hata kabla mtu hajafikiria kusoma taarifa ya habari hewani.

Sasa rudi nyumbani. Kisii na Nyamira ni miongoni mwa sehemu za Kenya zinazopigwa sana na radi, na sote tunajua matanga yaliyotokana nayo. Hewa ya joto na unyevu kutoka ziwani hupanda milima, inapoa, inageuka mawingu ya alasiri. Ukanda huu mzima wa maziwa makuu una sifa hiyo: Kabare, mashariki mwa Kongo, hupata wastani wa mimweko 205 kwa kila kilomita ya mraba kwa mwaka, na ulimwenguni inazidiwa na Ziwa Maracaibo la Venezuela peke yake.

Ndiyo maana kifaa kimoja kidogo kinanifurahisha. Mradi wa TAHMO, ulioanzishwa na Nick van de Giesen wa Uholanzi na John Selker wa Marekani, huweka vituo vya hali ya hewa barani Afrika, vingi vikiwa shuleni, Kenya ikiwemo. Kipimo chake cha ATMOS 41 hakina sehemu yoyote inayozunguka, kwa hiyo hakuna cha kukwama wala kujengewa kiota. Huhesabu matone ya mvua moja moja, hupima upepo kwa mlio, na pia husikiliza radi: hutoa idadi ya mapigo na umbali wake hadi kilomita 40. Kisha moduli ya simu hutuma yote hayo mbali, ikiendeshwa na paneli ndogo ya jua. Yaani redio moja inasikiliza mbingu na ya pili inapeleka habari.

Lengo la TAHMO ni vituo 20,000, kimoja kila kilomita 30. Kwa kipimo hicho Kisii na Nyamira zingekuwa na vituo visivyozidi vidole vya mkono mmoja. Kwa radi zetu, mimi ningeomba zaidi.

Kipimajoto kinaweza kuionya zahanati kabla mgonjwa hajafika

Mwaka 2001, Andrew Githeko wa taasisi ya utafiti wa tiba ya KEMRI na mwenzake Ndegwa walionyesha kwamba milipuko ya malaria kwenye nyanda za juu za Kenya inaweza kutabiriwa kwa kuangalia joto na mvua, wiki kadhaa hadi miezi kabla wagonjwa hawajajaa. Vimelea hukua polepole mno ndani ya mbu hali ya hewa ikiwa baridi. Joto likipanda kidogo na mvua zikifuata, mlango unafunguka.

Kisii na Nyamira ziliijua milipuko hiyo vizuri katika miaka ya 1990. Hesabu zile zinahitaji namba mbili tu, joto na mvua, ambazo zinaenea ndani ya ujumbe mmoja wa baiti 51 na nafasi ikabaki.

Setilaiti haijui kwamba Probox yako ipo

Kifaa cha kufuatilia gari hakitumi chochote kwa setilaiti za GPS. Kinasikiliza tu. Setilaiti zile, zikiwa kilomita 20,200 juu, hutangaza saa zao mfululizo kwa yeyote atakayesikia, na kifaa hupiga hesabu ya mahali kilipo kwa kulinganisha saa za angalau setilaiti nne. Saa ikikosea sehemu moja ya milioni ya sekunde, gari la Keroka linaonekana mita 300 kutoka lilipo.

Anayekuchongea kwa mwenye gari ni moduli ya pili, ile yenye laini ya simu. Ndiyo sababu gari lililoibwa likiingia mahali pasipo mtandao "hupotea" ingawa bado linajua vizuri sana lilipo.

Kazi kubwa ya moduli ni kulala

Kihisi kizuri kikilala hutumia mikroampea 10 hivi. Betri ya miliampea-saa 2,400, kwa matumizi hayo, ingedumu saa 240,000, yaani miaka 27. Itakufa kwa uzee wake kabla ya kuisha chaji. Kinachoila ni kuamka. Moduli maarufu ya 2G iitwayo SIM800L inaweza kuvuta hadi ampea 2 kwa kufumba na kufumbua inapotafuta mnara, mara 200,000 ya ile ya usingizini.

Fundi anayeanza hukutana na hili mapema: moduli inajizima kila inapotafuta mtandao, naye analaumu laini, anabadilisha laini, anaenda nje kutafuta mawimbi. Kumbe chaja ndiyo dhaifu.

Mcheza filamu na funguo 88

Tarehe 11 Agosti 1942, nyota wa Hollywood Hedy Lamarr na mtunzi wa muziki George Antheil walipewa hataza ya redio inayorukaruka masafa ili adui asiiharibu ishara ya kuongoza kombora la majini. Idadi ya masafa waliyopendekeza ilikuwa 88, sawa na funguo za piano. Bluetooth ya kawaida inaruka kwa wazo la aina hiyohiyo: kati ya njia 79, mara 1,600 kwa sekunde. Mizani na mashine ya risiti vikizungumza kwa Bluetooth kwenye kituo cha kununulia chai, vinacheza ngoma hiyo huku mkulima akisubiri kilo zake zisomwe.

Kompyuta yenye Wi-Fi kwa shilingi mia kadhaa

Mwaka 2014 kampuni ya Espressif ya Shanghai iliitoa chipu ya ESP8266. Kibao chake cha kwanza maarufu kilikuwa na upana wa milimita 14 na urefu wa 25, na maelezo yake yalikuwa kwa Kichina. Wapenzi wa elektroniki duniani kote walikaa wakiyatafsiri wenyewe, mstari kwa mstari. Kufikia mwaka 2023 kampuni ilikuwa imeshauza chipu zaidi ya bilioni moja. Nairobi zinapatikana kwa shilingi mia kadhaa, na mwanafunzi wa Kisii anaweza kuagiza leo, kesho akaipokea stejini ikiwa imefungwa kwenye gazeti.

Mpini wa pampu unaojua maji yako chini kiasi gani

Huko Kyuso, Kitui, watafiti wa Chuo Kikuu cha Oxford waliweka kihisi na moduli ya simu kwenye mipini ya pampu za visima. Kihisi chenyewe ni cha aina ileile inayoifanya simu yako ijue umeilaza au umeisimamisha. Kiliuhesabu mwendo wa mpini na kutuma SMS. Mpini ukinyamaza, fundi alijua. Muda wa wastani wa kurekebisha pampu ulishuka kutoka siku 27 hadi chini ya 3.

Halafu likaja la ziada ambalo hakuna aliyelipangia. Mwaka 2017 watafiti wa chuo hichohicho walionyesha kwamba mtetemo wa mpini hubadilika kulingana na kina cha maji ardhini, kwa hiyo kila mama anayepampu ndoo yake anaweza kuwa anapima hazina ya maji ya eneo zima bila kujua. Gusii sisi ni watu wa chemchemi, na chemchemi haina mpini. Fundi wa huku itabidi abuni lingine.

Mita ya tokeni haina redio: redio ni wewe

Mita nyingi za tokeni hazina mawasiliano yoyote na kampuni ya umeme. Pesa hupita kwenye M-PESA, tarakimu 20 hurudi kwa SMS, kisha hatua ya mwisho ya safari hiyo hubebwa na jicho lako na kidole chako. Kibao cha kubonyezea kilichomo ndani ya nyumba mara nyingi huongea na mita iliyo nguzoni kwa kupitia nyaya zilezile za umeme, ndiyo maana huchomekwa kwenye soketi.

Ndani ya tarakimu hizo 20 kuna muhuri wa wakati, unaohesabiwa kwa dakika tangu tarehe 1 Januari 1993. Nafasi iliyotengwa ilitosha dakika 16,777,216 tu, nazo ziliisha tarehe 24 Novemba 2024. Kwa hiyo mamilioni ya mita duniani, Kisii na Nyamira zikiwemo, zilihitaji kusasishwa kabla ya siku hiyo. Kwa kuwa hazikuwa na redio, kazi ilifanywa na wateja: badala ya tarakimu 20, mtu alitumiwa mafungu matatu, jumla 60, ayabonyeze kwa mpangilio bila kukosea, mawili ya kuirekebisha mita na la tatu la umeme wenyewe. Hesabu mpya imeanzia mwaka 2014, nayo itajaa mwaka 2045.